Ukimya wa Mtoto Si Ujinga

Ipo hukumu moja inayotolewa kwa wepesi mno madarasani mwetu: kwamba mtoto asiyejibu swali la mwalimu hana akili. Hukumu hiyo naipinga, na shahidi wangu namleta kutoka mbali.

Mwaka 1983 mwanaanthropolojia wa Marekani, Shirley Brice Heath, alichapisha kitabu kiitwacho Ways with Words, baada ya kuwachunguza kwa takriban miaka kumi wakazi wa vijiji viwili vya Carolina vilivyotegemea viwanda vya nguo. Alivipa majina ya kubuni: Trackton, cha watu weusi, na Roadville, cha wazungu.

Huko Trackton, aligundua kwamba ni nadra mtu mzima kumwuliza mtoto jambo ambalo yeye mwenyewe analijua. Aliyeulizwa aliulizwa kitu fulani chafanana na nini. Mtoto huyo alipofika shuleni, mwalimu alimwonyesha kitu na kumwuliza rangi yake. Mtoto akashangaa: kwani mwalimu haioni? Akanyamaza, na kwa kunyamaza akahesabiwa mzito.

Wa Roadville walizoea maswali ya aina hiyo, nao walianza vyema. Lakini nyumbani walifunzwa kwamba hadithi sharti iwe ya kweli. Walipotakiwa kubuni katika madarasa ya juu, wakakwama. Ni dhahiri basi kwamba hakuna nyumba isiyofunza. Ila shule huthamini mafunzo ya baadhi ya nyumba na kuyapuuza ya nyingine.

Je, sisi? Mtoto aliyelelewa kwa “Kitendawili!” na “Tega!” amekwisha kuzoea kulinganisha na kupambanua. Tangu mwaka 1976 Kamati ya Gachathi ilipendekeza lugha ya eneo itumike katika madarasa matatu ya mwanzo. Hata hivyo, shule nyingi humpokea mtoto kwa Kiingereza tangu siku ya kwanza, na wapo wazee wengi wanaokumbuka kuvishwa kipande shingoni kwa kosa la kusema lugha ya mama.

Wapo watakaoniambia kwamba mitihani ni ya Kiingereza. Nakubali, na Kiingereza kifunzwe vilivyo. Heath naye hakuwataka walimu waache maarifa ya shule. Alishirikiana nao, wakaleta darasani picha za mahali watoto walipopajua, wakaanza kwa kuuliza ni nini kinachotendeka pale, kisha hatua kwa hatua wakawafikisha kwenye maswali ya kitabuni. Hilo ndilo daraja ninalolidai.

Kwa hiyo nawasihi walimu wetu: kabla ya kuandika katika ripoti kwamba mtoto ni mzito wa kuelewa, mjiulize kwanza kwao huulizwa vipi, na kwa lugha gani. Huenda mtoto analo jibu, ila swali ndilo geni kwake.