Duka Likifungwa, Gemu Zisizikwe
Kijana wa Nyalikungu, pale Maswa, akinunua leo Nintendo 3DS ya mtumba, mashine ya gemu ya mkononi, mashine inaweza kuwaka vizuri tu, lakini gemu mpya hanunui tena mtandaoni: Nintendo ilisitisha mauzo ya duka la mtandaoni la 3DS Machi 27, 2023. Waliokwisha kulipia waliachiwa nafasi ya kupakua upya gemu zao. Aliyechelewa amebaki nje. Kwa hiyo namshauri mnunuzi atafute kaseti. Aichomeke nyuma ya mashine, ahakikishe inasoma, ndipo atoe pesa, maana 3DS ya Japani haisomi kaseti ya Marekani. Mwenye gemu alizolipia azipakue mapema, azihifadhi kwenye memori kadi. Lakini mzigo huu wa kutunza gemu tusimwachie kijana peke yake. Utafiti wa Video Game History Foundation, shirika linalohifadhi historia ya gemu, uliotolewa Julai 2023 ulionyesha kuwa asilimia 87 ya gemu zilizotolewa Marekani kabla ya 2010 haziuzwi tena. Hiyo ni hasara kubwa ya sanaa. Kampuni ikiacha kuuza gemu, iziruhusu maktaba kuzitunza na kuziazimisha, ili kijana wa Maswa naye azicheze bila kuvunja sheria.