Jaji asipokuja rufaa inasubiri, mrufani asipokuja inakufa!

Ndugu zangu, mimi ni nesi hapa Uingereza. Mgonjwa asipotokea kliniki, wodi yetu inampigia simu kabla ya kumfuta. Kule nyumbani Tanzania, rufaa ya shamba la baba iliahirishwa mara nne: jaji kasafiri, jalada halionekani. Mara ya tano baba kalazwa, ana dripu mkononi. Ikatupwa! Eti mrufani hakutokea.

Amri ya 39 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inasema mahakama inaweza kuitupa, siyo lazima. Utaomba irudishwe, ukiwa na sababu ya kutosha: yaani wakili tena, ada tena, foleni upya. Na zile mara nne, nani aliwadai wao sababu ya kutosha?