Ukijenga, Usimzibie Mwenzio Jua

Ndugu msomaji, hapa kwetu Bamburi jua si mgeni. Latoka mapema, lapanda hadi utosini, na jioni laondoka limetuacha tumechoka. Lakini hebu nikuulize: ni lini ulimsikia mtu anayetaka kujenga akimwambia fundi wake, "Tulitazame jua kwanza"? Watu huuliza bei ya mawe, bei ya simiti, bei ya mabati, na gari litapita wapi. Jua haliulizwi. Nyumba ikiisha ndipo tunapoanza kulalama: chumba hiki tanuri, ukumbi ule giza saa sita mchana, tokeni za stima zimeisha kabla ya mwezi kuisha.

Siku hizi kila mtu anaizungumza sola. Wengi wanadhani sola ni kile kipande cheusi kinachopigwa misumari juu ya paa baada ya mambo yote kwisha. Maoni yangu ni kwamba kazi ya jua inaanzia kwenye ramani ya nyumba na kwenye mpango wa mtaa. Kama ramani imekosea, paneli hazitaponya kitu. Na kama mtaa haukupangwa, hata paneli nzuri itakosa jua.

Tuanze na ramani. Mombasa iko digrii 4 tu kusini mwa ikweta. Kwa hiyo jua letu la mchana huwa karibu na utosi mwaka mzima. Mwezi wa Juni hupita upande wa kaskazini, Disemba hupita upande wa kusini, na mara mbili kwa mwaka, mwezi wa Machi na tena mapema Oktoba, mtu husimama saa sita na nusu hivi akakikanyaga kivuli chake mwenyewe. Walimu wetu wa Jiografia wametufundisha hayo, na tumeyaandika katika mitihani. Lakini tukitoka darasani tunayaacha mle mle.

Hebu tuyatoe nje. Jua la mchana likiwa juu hivyo, upenu mfupi tu unatosha kuukinga ukuta unaotazama kaskazini au kusini. Jua la saa kumi za jioni ni jingine. Hilo huja chini chini kutoka magharibi, hupita chini ya upenu na kuingia dirishani mpaka kitandani. Ukuta wa mawe unaolitazama hulimeza joto na kukutapikia usiku unapotaka kulala. Basi nyumba ndefu na ilale mashariki kwa magharibi, ili kuta zake ndefu zenye madirisha zitazame kaskazini na kusini, na zile fupi ndizo zipigwe na jua la asubuhi na la jioni.

Faida haiishii hapo. Sisi watu wa pwani tuna pepo mbili: kusi, inayovuma kutoka kusini mashariki katikati ya mwaka, na kaskazi, inayotoka kaskazini mashariki miezi ya Disemba hadi Machi. Nyumba yenye madirisha kaskazini na kusini huzipokea zote mbili. Yaani mpango ule ule unaolifukuza joto ndio unaoukaribisha upepo, na gharama yake ni kalamu na rula tu! Wala mtu asiniambie ati hana dira ya kujua kaskazini ni wapi. Makka iko karibu kaskazini kamili kwetu. Atazame kibla cha msikiti wowote hapa Bamburi, amekwisha pata jibu.

Wazee wetu waliyajua mambo haya bila ya paneli hata moja. Nenda Mji wa Kale ukatembee mchana. Vichochoro ni vyembamba, nyumba moja yaitilia nyingine kivuli, na kuta nene za mawe ya matumbawe na chokaa huchelewa kupata moto. Lamu, ambao umo katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu mwaka 2001, ni vivyo hivyo, na nyumba zake kubwa za zamani zina kiwanda katikati cha kuingiza mwanga na hewa. Hata nyumba ya Kiswahili ya kawaida, yenye ukumbi katikati, vyumba huku na huku, baraza mbele na uani nyuma, ilijengwa kwa akili. Makuti hayapitishi joto upesi, na mapenu yake marefu yaliukinga ukuta.

Tatizo ni kwamba tumeichukua nyumba ile ile, tumeyaondoa makuti, tumeweka mabati bila dari, na tumewatia wapangaji katika kila chumba. Hapo ukumbi umekuwa shimo la giza na vyumba vimekuwa oveni. Sisemi turudi kwenye makuti, maana moto wa makuti tunaujua. Nasema tukibadilisha paa, tubadilishe na fikira. Mabati yakipakwa rangi nyeupe, yakiwekewa dari na matundu ya kutoa hewa ya moto juu, joto litapungua. Vipande viwili vya bati la kupitisha mwanga juu ya ukumbi vitazima taa ya mchana.

Sasa tuje kwenye umeme wenyewe. Nchi yetu hupata kama yuniti 4 hadi 6 za nishati ya jua kwa kila mita moja ya mraba kwa siku. Tufanye hesabu ya kidato cha tatu. Paneli ya mita 2 za mraba, kwa yuniti 5, inapokea yuniti 10. Paneli za siku hizi hugeuza kama sehemu moja kwa tano kuwa umeme, yaani yuniti 2. Toa hasara ya joto, vumbi na nyaya, tuseme imebaki yuniti moja na nusu. Hiyo yatosha kuendesha feni tatu za wati 50 kwa muda wa saa nane, na kuwasha taa kadhaa juu yake. Paneli moja tu! Na hapa Mombasa ni vyema ilazwe kwa kuinama kidogo upande wa kaskazini, ili maji ya mvua yaiteremke na kuiosha. Tena ioshwe na kwa mkono, kwa sababu chumvi ya bahari na vumbi la barabara havina huruma.

Basi mbona mapaa yetu ni matupu? Wengi husema umaskini. Umaskini upo, lakini nionavyo mimi kuna sababu nyingine mbili zinazohusu mipango.

Sababu ya kwanza ni swali la nani mwenye paa. Sehemu kubwa yetu ni wapangaji. Mpangaji ndiye anayelipa tokeni lakini paa si lake, na mwenye nyumba mwenye paa halipi tokeni, kwa hivyo haoni haja. Kila mmoja anamtazama mwenzake, na jua linapita. Isitoshe, Mombasa kuna jambo ambalo wageni hulistaajabia, nalo ni mtu kumiliki nyumba bila ya kumiliki ardhi iliyo chini yake. Mtu wa namna hiyo ana hofu. Akiambiwa leo ahame, atayabeba vipi mawe? Hata hivyo paneli ni afadhali kuliko mawe, kwani hufunguliwa kwa spana na kubebwa.

Sababu ya pili ndiyo iliyonifanya nishike kalamu. Nyumbani kwetu mama alinunua sola ndogo kwa kulipa polepole: paneli moja, betri na taa nne. Ndiyo niliyokuwa nikisomea usiku, maana sisi wa shule za kutwa hatuna darasa la jioni lenye jenereta. Kisha ploti ya upande wa magharibi ikajengwa fulati za ghorofa nne, hatua chache tu kutoka kwenye ukuta wetu. Tangu hapo, ifikapo saa nane mchana paa letu liko kivulini. Betri haijai. Taa iliyokuwa ikifika saa nne za usiku sasa yazimika saa mbili na nusu. Fundi alikuja akapima, akasema paneli ni nzima, betri ni nzima, kilichopungua ni jua.

Simlaumu jirani kwa kujenga. Mji unakua na watu wanataka pa kulala. Lakini tazama ajabu hii: juu ya fulati zile, palipo na jua kutwa nzima, hapana kitu ila matangi ya maji na kamba za nguo. Chini, ngazi zina giza na pampu ya kisima yavuta stima. Jua limechukuliwa na halikutumiwa. Ukinizibia jua ukalitumia, nitanung'unika lakini nitaelewa. Ukinizibia ukaliacha liunguze zege tu, hiyo ni hasara yetu sote.

Ndiyo maana nasema jambo hili si la mtu mmoja mmoja. Ni la mipango ya mji. Kwa Sheria ya mwaka 2019 ya mipango na matumizi ya ardhi, ruhusa ya kujenga hutolewa na serikali ya kaunti. Basi fomu ile ya kuomba ruhusa na iongezwe maswali matatu. Kwanza, kuta ndefu na madirisha yanatazama wapi? Pili, paneli zitakaa wapi, hata kama hutazinunua leo, na nyaya zitapita wapi? Tatu, jengo lako litamzibia nani jua, kwa saa ngapi, nawe utamfidia vipi?

Hilo la tatu laweza kumalizwa kiungwana. Mwenye ghorofa ampe jirani nafasi ya paneli mbili juu ya paa lake, au amvutie waya. Gharama yake ni ndogo mbele ya gharama ya ghorofa nne. Na paa lililobaki aweke paneli zake mwenyewe za kuvuta maji ya kisima. Pampu ya jua haihitaji hata betri: jua likiwaka, maji yapande, likizama, tangi limejaa. Tangi ndilo betri. Na Sheria ya Nishati ya mwaka 2019 imekwisha kuutambua mpango wa mwenye paneli kuupeleka umeme unaomzidi kwenye nyaya za taifa na kuhesabiwa.

Wako watakaosema haya ni mambo ya Ulaya. Ni kweli mji wa Barcelona, Uhispania, ulianza mwaka 2000 kuyataka majengo mapya yapashe maji kwa jua, na jimbo la California, Marekani, lilianza mwaka 2020 kuzitaka nyumba mpya ziwe na paneli. Lakini hata Kenya ilitoa kanuni mwaka 2012 za kuyataka majengo yanayotumia zaidi ya lita 100 za maji moto kwa siku yapashe sehemu kubwa ya maji hayo kwa jua. Chuo Kikuu cha Strathmore kule Nairobi kiliweka paneli za kilowati 600 juu ya mapaa yake mwaka 2014. Na hapa hapa Mombasa, uwanja wa ndege wa Moi umewekwa paneli za kilowati 500 hivi. Ndege zimepata, sisi je?

Kuna na suala la miti. Mtu atasema, "Ukitaka jua, kata mwembe." Hapana! Sisi tulio jirani na Haller Park tunajua thamani ya kivuli. Pale palikuwa machimbo matupu ya kiwanda cha simiti, na tangu mwaka 1971 René Haller na wenzake wakapanda mivinje hadi pakawa msitu. Mti upandwe ubavuni, upande wa magharibi, uukinge ukuta. Paa liachwe wazi. Mti na paneli vyaweza kuishi ploti moja vikipangwa.

Nakaribia kumaliza. Kwa walimu wetu nina ombi moja. Mapaa ya shule ndiyo makubwa kuliko mengi mtaani, na shule ya kutwa hutumia umeme mchana, wakati ule ule jua linapowaka. Tuanze na darasa moja. Na kwenu wanafunzi wenzangu: baadhi yetu tutakuwa mafundi, wasanifu wa majengo na maofisa wa kaunti wa kupiga mihuri kwenye ramani. Siku hiyo ikifika, kabla ya kupiga muhuri, tuulize jua litapita wapi, na nani yuko nyuma ya ukuta ule anayelingojea.

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Nami naongeza: ukijenga ukuta, tazama kwanza unaziba nini.