Deiwaka wa Daytona

Wadau, nimekuwa kimya karibu wiki mbili. Sikuwa naumwa wala sikusafiri. Nilikuwa na hasira, na nimejifunza kwamba nikiandika nikiwa na hasira najuta kesho yake. Sasa imepoa kidogo, kwa hiyo naitoa.

Ilianzia kwa kinyozi, Sinza. Televisheni inaonyesha mbio za magari za NASCAR, zile za Marekani ambapo magari yenye sura ya gari la kawaida yanazunguka uwanja kwa kasi ya kutisha mpaka kichwa kinakuuma. Mshikaji mmoja, msomi mzuri tu, anayefuatilia NASCAR kama sisi wengine tunavyofuatilia Simba na Yanga, akatoa hukumu: "Wanawake walishajaribu haya mambo wakashindwa. Yule mama wa miaka ya sabini alikimbia mashindano machache, hakushinda hata moja, akaachia ngazi. Kazi ya wanaume hii." Saluni nzima ikatikisa kichwa kukubali. Na mimi, mwandishi wa habari, mtu wa kalamu, nikakaa kimya kwa sababu sikuwa na jibu.

Leo ninalo.

Huyo mama anaitwa Janet Guthrie. Amezaliwa 1938, akasoma fizikia Chuo Kikuu cha Michigan, akafanya kazi kwenye kampuni ya kutengeneza ndege. Mashindano ya magari alianza mwanzoni mwa miaka ya 1960, kwa fedha zake, akifungua na kufunga injini kwa mikono yake mwenyewe. Mei 1976 aliingia kwenye mbio za World 600 kule Charlotte. Gari hakununuliwa na kiwanda chochote. Lilinunuliwa na mwanamke mwenzake aliyekuwa mfanyakazi wa benki. Wajuzi wa mji wakasema hatafika, mwanamke hana nguvu wala pumzi za maili 600. Maili 600 ni zaidi ya kutoka Dar hadi Mbeya, kwa siku moja, bila kushuka kwenye kiti, ndani ya joto la injini. Alimaliza wa 15 kati ya magari 40. Hapo tayari kuna wanaume 25 nyuma yake, lakini sijasikia mtu kinyozini akisema mbio hizo ziliwashinda wanaume.

Sasa tuje kwenye hayo "mashindano machache". Ni kweli, ni 33 tu kwenye ligi ya juu ya NASCAR. Yahesabu mwaka kwa mwaka: 1976 mbio 5. 1977 mbio 19. 1978 mbio 7. 1979 hakuna. 1980 mbio 2. Basi. Msimu mmoja wakati ule ulikuwa na mbio kama 30. Kwa hiyo hata mwaka wake mzuri kuliko yote hakupata msimu kamili. Alikuwa nini kwa lugha ya mjini? Alikuwa deiwaka.

Kila aliyepanda daladala anamjua deiwaka. Ni yule anayeshika usukani kwa sababu dereva mwenyewe kaenda msibani au kalala. Leo anapewa gari, kesho anazunguka kituoni akiomba. Hafahamu breki za gari hilo zinavyoshika, wala gia ipi ni ngumu, na jioni hesabu ya tajiri inamsubiri vilevile. Hebu niambie: ungempima udereva wake kwa kuhesabu siku alizopewa gari?

Mbio za magari ni biashara ya matajiri kuliko hata daladala. Injini inapasuka mchana mmoja ikaondoka na fedha za miezi. Matairi yanabadilishwa mara kadhaa kwenye mbio moja. Mafundi wanalipwa, lori la kubeba gari linalipiwa, na ikitokea ajali unaanza upya. Fedha hizo hazitoki kwenye zawadi za ushindi peke yake, zinatoka kwa mdhamini ambaye jina lake linaandikwa kwenye boneti. Usipokuwa na jina kwenye boneti, unabaki nyumbani unaangalia wenzako kwenye televisheni. Kipaji chako hakitii mafuta kwenye tangi.

Mwaka 1977 Guthrie alipata jina la kuandika. Gari lake namba 68 lilibeba Kelly Girl, kampuni iliyokuwa inapeleka wasichana maofisini kufanya kazi za muda. Jamani, hata ningetunga nisingeweza! Deiwaka kadhaminiwa na madeiwaka.

Na alifanya nini na huo udhamini? Februari mwaka huohuo kwenye Daytona 500, mbio kubwa kuliko zote za NASCAR, akamaliza wa 12 na injini iliyokufa silinda mbili karibu na mwisho, akiwa wa kwanza kati ya madereva wageni. Agosti, kule Bristol, akawa wa 6. Mwaka 1978 alipata fedha za kampuni ya mafuta, akaunda timu yake mwenyewe kwa ajili ya mbio nyingine maarufu, Indianapolis 500, akaendesha huku mkono umevunjika kifundo. Akawa wa 9. Februari 1980 akapewa gari la pili la timu iliyokuwa na kijana Dale Earnhardt, ambaye mwaka huo ndiye aliyechukua ubingwa. Daytona tena. Wa 11. Miezi michache baadaye mbio zake za NASCAR zikawa zimekwisha.

Unaona mchoro? Kila alipopewa gari la maana na fedha za kulitunza, alipanda. Zilipokatika fedha, alikaa nje. Aliendelea kubisha hodi za makampuni kwa miaka, akaambulia patupu. Halafu sisi tunakaa kwenye viti vya saluni tunasema "aliachia ngazi". Ngazi gani? Ngazi iliondolewa!

Najua kuna atakayeniambia, "Mbona Danica Patrick alipewa kila kitu na hakushinda?" Swali zuri, silikimbii. Danica aliendesha mbio 191 za ligi hiyo kati ya 2012 na 2018, akiwa na udhamini mnono miaka ya mwanzo. Hakushinda kweli. Nafasi za kumi bora alipata mara 7. Guthrie, kwenye mbio 33 za kuungaunga, alipata mara 5. Siwalinganishi, enzi zao ni tofauti. Ninachosema ni kwamba Danica alipewa nafasi ya kupimwa mpaka mwisho, na mwenye kumkosoa ana kitu cha kukosoa. Guthrie hakupewa hata hiyo haki ya kushindwa vizuri.

Na kama kutoshinda ni ushahidi, nisikilizeni hapa. Kulikuwa na dereva anaitwa J. D. McDuffie. Alianza 1963, akakimbia mbio 653 mpaka alipofariki kwa ajali akiwa mashindanoni, 1991. Mbio mia sita hamsini na tatu. Ushindi: sifuri. Watu wa mchezo ule wanamkumbuka kwa heshima, kama mtu masikini aliyeupenda mchezo kuliko mfuko wake, na wana haki ya kumheshimu. Lakini je, umewahi kusikia mtu akitumia mbio 653 za McDuffie kuthibitisha kwamba wanaume hawawezi kuendesha? Mwanamume akishindwa, ameshindwa yeye. Mwanamke akishindwa, wameshindwa wote, pamoja na ambao hawajazaliwa.

Sasa nifike kwenye kinachoniuma. Hasira yangu si kwa yule mshikaji wa Sinza peke yake.

Miaka michache nyuma niliandika makala ya Siku ya Wanawake kuhusu dada mmoja aliyekuwa anaendesha daladala. Kichwa cha habari kilikuwa "Mwanamke wa kwanza" na mbwembwe zake. Picha ya rangi, mkono kwenye usukani, tabasamu. Mhariri alinipongeza. Mwaka uliofuata nikakutana naye anauza maji kituoni. Gari halikuwa lake. Alikuwa deiwaka, na tajiri alikuwa amempa mwingine. Akaniambia bila hasira, "Kaka, ulivyokuja hukuniuliza gari la nani."

Sikumuuliza. Nilikuwa na haraka ya kuandika "wa kwanza".

Hilo neno ndilo linalotupumbaza, wenzangu wa vyumba vya habari. Tunalipenda kwa sababu ni rahisi: picha moja, aya sita, imekwisha. Guthrie naye ameitwa wa kwanza mpaka sifa zikajaa kabati. NASCAR wenyewe walimpa tuzo ya heshima kwenye jumba lao la mashujaa, 2024, miaka 44 baada ya mbio yake ya mwisho. Tuzo ni nzuri. Ila mwaka 1981 alikuwa anahitaji matairi.

Kwa hiyo, ukiona tena habari ya mwanamke wa kwanza, awe rubani, fundi wa gereji, dereva wa lori la kwenda Tunduma, usishangilie tu na kugeuza ukurasa. Uliza gari ni la nani. Uliza mwakani atakuwa bado anaendesha. Na ukinikuta nimeandika habari hiyo bila kuuliza, niumbueni hapahapa, mbele ya watu.

Mimi Jumamosi nakwenda kunyoa. Safari hii sinyamazi.