Elimo Njau na Deni la Wahakiki wa Kiswahili

Mwanafunzi wa Kiswahili atokaye Ishiara kwenda chuoni Nairobi hupita Embu, akateremka hadi Makutano, kisha akafika Kenol, mahali ambapo barabara moja huchepuka kwenda mjini Murang'a. Ni nadra achepuke nayo. Lau angefanya hivyo, angelikuta kanisa kuu la Kianglikana la Mtakatifu Yakobo na, ndani yake, michoro mitano ya ukutani iliyokamilishwa na Elimo Njau mwaka 1959. Jina la Njau hutajwa kwa heshima katika historia ya sanaa ya Afrika Mashariki, lakini karibu kila kilichoandikwa juu yake kimeandikwa kwa Kiingereza. Wahakiki wa Kiswahili wamenyamaza kana kwamba jambo hili si lao.

Njau alizaliwa Marangu, Kilimanjaro, mwaka 1932, akasomea uchoraji Makerere katika shule iliyoasisiwa na Margaret Trowell. Alikuwa kijana bado alipopewa kuta za Murang'a, na kazi aliyopewa haikuwa nyepesi. Kanisa hilo lilijengwa wakati wa Hali ya Hatari kuwakumbuka Wakristo Waagikuyu waliouawa katika vita vya Mau Mau. Ukuta ule, basi, ulikuwa na upande hata kabla haujapakwa rangi. Waliofia msituni na vizuizini hawakujengewa ukumbusho wowote wakati huo.

Makanisa ya walowezi yalizoea kupambwa kwa vioo vya rangi, yaani vipande vilivyounganishwa kwa risasi na kuwaka jua linapopenya. Watakatifu wa vioo hivyo kwa kawaida ni Wazungu, na mandhari yao ni ya Ulaya. Njau alipaka moja kwa moja ukutani. Alichora kuzaliwa kwa Yesu, ubatizo, karamu ya mwisho, Gethsemane na kusulubiwa, na yote hayo akayaweka katika ardhi ya Afrika, Yesu mwenyewe akiwa Mwafrika. Wapo watakaosema kwamba huko ni kubadilisha rangi ya ngozi tu. Hoja hiyo ni dhaifu. Katika miaka ya Hali ya Hatari zaidi ya watu 1,000 walinyongwa kwa hukumu ya mahakama za kikoloni. Mtu mweusi aliyetundikwa mtini mbele ya macho ya Waagikuyu, katika miaka hiyohiyo, hawezi kuwa mali ya upande mmoja. Michoro iliagizwa kwa ajili ya wafu fulani, nayo ikaishia kuwalilia wengine ambao hawakutajwa. Mwanafunzi wa fasihi anaufahamu vyema mpasuko huu kati ya dhamira ya mfadhili na maana ya kazi. Huuchambua kila mwaka katika tenzi zilizotungwa kwa amri ya watawala.

Huenda mtu akauliza: uchoraji unaihusuje Idara ya Kiswahili? Swali hilo linajibiwa na istilahi za idara yenyewe. Mhakiki husema kwamba mwandishi 'amemchora' mhusika, husifu 'taswira', hueleza 'mandhari', humwita mhusika fulani 'bapa' na mwingine 'duara'. Msamiati huu ni wa jicho na mkono. Fasihi imeuazima kwa mchoraji, ikautumia miaka na mikaka, na haijawahi kuurudisha. Hata tasnifu zinazohusu kanga au maandishi ya matatu mara nyingi husoma jina na kuiruka picha iliyo kando yake.

Njau mwenyewe aliwaachia wanaisimu fumbo. Mwaka 1965 yeye na wenzake, miongoni mwao mshairi Jonathan Kariara, walianzisha jijini Nairobi kituo cha sanaa wakakiita Paa ya Paa. Jina hilo hufasiriwa kuwa ni mnyama paa anayepaa. Mwalimu wa sarufi atakunja uso papo hapo: mnyama huchukua upatanisho wa A-WA, na paa la nyumba ni LI-YA. Je, hiyo 'ya' inatoka wapi? Labda ni mapaa mengi ya nyumba, labda ni kitenzi kilichokatwa kichwa, labda ni uhuru tu wa msanii asiyemwogopa mtahini. Vyovyote iwavyo, hapa pana homonimu iliyotundikwa mlangoni kwa zaidi ya nusu karne, na ingelifaa mifano ya darasani kuliko ile ya 'kaa' na 'kaa' iliyochosha kila mtu.

Kazi nyingi zilizohifadhiwa Paa ya Paa ziliteketea kwa moto mwaka 1997. Maelezo ya kina ya Kiswahili juu ya kazi zile, yenye kutaja rangi, umbo na mpangilio, yangelibaki baada ya moto kuzimika. Michoro ya Murang'a haikuwa katika moto huo, kwa kuwa ipo kwenye ukuta wa kanisa lake, mlango ambao mtu yeyote anaweza kuubisha. Kutoka Kenol ni mwendo usiofika saa moja kwa matatu.