Mraba Nao ni Mstatili: Istilahi za Pembenne na Mfano wa Gazi

Msitu wa mikoko wa Gazi, eneo la Msambweni katika Kaunti ya Kwale, umepata sifa kwa mradi wa Mikoko Pamoja, ulioanza mwaka 2013 na unaohifadhi hekta 117 za mikoko ili jamii ifaidike kwa biashara ya hewa ya ukaa. Kazi ya kupima msitu kama huo ina jiometri yake. Mpimaji hutenga viwanja vidogo, aghalabu vya mita 10 kwa mita 10, kisha huhesabu miti iliyomo. Iwapo kiwanja kimepinda, eneo lake hupungua hata kama kila upande ungali mita 10, na hesabu yote huharibika. Swali la kama umbo ni mraba au si mraba, kwa hiyo, si la darasani tu.

Makala haya yanadai kwamba Kiswahili kina maneno ya kulijibu swali hilo, ila kimekosa fasili. Pembenne, mraba, mstatili, msambamba, rombasi, trapeza na tiara ni istilahi zinazojulikana. Hata hivyo, akiulizwa mstatili ni nini, msomi wa Kiswahili aghalabu atajibu kwamba ni umbo lenye pande mbili ndefu na mbili fupi. Jibu hilo linaeleza sura. Linauondoa mraba katika ukoo wa mistatili, jambo ambalo hisabati hailikubali.

Tuchukue nukta nne: A(2,1), B(6,3), C(5,5) na D(1,3). Jicho haliwezi kuamua, kwa kuwa umbo limelala upande. Majira ya nukta huamua. Mwinamo, yaani kiasi ambacho mstari hupanda kwa kila hatua moja ya kwenda kulia, ni nusu kwa AB na pia kwa CD. Kwa BC na DA ni −2. Pande zinazokabiliana zina mwinamo mmoja, basi ni sambamba, na umbo ni msambamba. Nusu mara −2 ni −1, basi pande zinazopakana zinakutana kwa pembe mraba, na msambamba huo ni mstatili. Urefu wa AB ni kipeuo cha pili cha 20, wa BC ni kipeuo cha pili cha 5. Haulingani, basi si mraba. Sasa C ihamishwe hadi (4,7) na D hadi (0,5). Pande zote nne zinakuwa na urefu mmoja, na umbo linakuwa mraba. Lakini hakuna sharti hata moja la mstatili lililovunjwa. Umbo limeongezewa sifa bila kupoteza jina lake la awali.

Mwanafunzi wa fasihi hapaswi kushangaa. Shairi la mishororo minne katika kila ubeti ni tarbia. Shairi hilo hilo likiwa na vipande viwili katika kila mshororo ni mathnawi, na vina vikibadilika kutoka ubeti hadi ubeti ni ukaraguni. Hakuna mhadhiri anayesema kwamba likiwa ukaraguni limeacha kuwa tarbia. (Tena tarbia na mraba ni ndugu wa damu: yote mawili yanatokana na mzizi wa Kiarabu wenye maana ya nne, uliotupa pia robo na arubaini.)

Wenyeji wa Gazi nao wana mfano bora zaidi. Mchu, mkandaa, muia, mkomafi na mlilana yote huitwa mikoko. Wakati huo huo, mkoko ni jina la mti mmoja mahususi, ule wenye mizizi inayoning'inia na kusimama majini kama magongo. Neno moja lina maana pana na maana finyu, na mkata boriti hachanganyikiwi. Mstatili uko vivyo hivyo. Tofauti ni kwamba mazungumzo ya pwani huvumilia maana mbili kwa kuwa mti wenyewe upo mbele ya macho. Fasili ya hisabati haina budi kusema ni ipi inayokusudiwa.

Wapo watakaosema kwamba juhudi hizi ni bure, kwa kuwa nchini Kenya hisabati hutahiniwa kwa Kiingereza. Hoja hiyo ina uzito, lakini Tanzania imefundisha hisabati ya shule za msingi kwa Kiswahili tangu mwishoni mwa miaka ya 1960, na katiba ya Kenya ya mwaka 2010 imekifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi. Isitoshe, fundi anayepanga msingi wa nyumba huzungumza Kiswahili au Kidigo. Yeye hupima pembe kwa pembe kwa kamba, na mishazari miwili ikilingana huridhika. Ni mbinu nzuri, lakini haitoshi peke yake. Umbo lenye nukta (0,0), (6,0), (5,3) na (1,3) lina mishazari inayolingana, kila mmoja kipeuo cha pili cha 34, nalo ni trapeza. Sharti pande zinazokabiliana nazo zilingane. Anayeweza kumweleza fundi sababu kwa lugha yake atakuwa amemwokolea matofali.

Vyama vya Kiswahili vya vyuo vikuu vimezoea kukusanya orodha za istilahi. Afadhali sasa viandike fasili, vikianza na trapeza, ambayo hata wanahisabati hawajaafikiana juu yake: je, ina jozi moja tu ya pande sambamba, au angalau moja? Makala haya yanachagua angalau moja, ili msambamba uwe aina ya trapeza kama vile mkandaa ulivyo aina ya mkoko. Anayependelea fasili finyu na atoe sababu zake, kwa Kiswahili.