Nani Aamuaye Herufi ya Kiswahili? Ritifaa katika Maktaba za Programu

Mjadala juu ya Kiswahili na kompyuta aghalabu huishia kwenye istilahi: kifaa hiki kiitweje, dhana ile itafsiriwe vipi. Mjadala huo una manufaa yake, lakini umeliacha kando suala lililo karibu zaidi na taaluma ya isimu, nalo ni hili: ndani ya kompyuta, ni nani anayeamua neno la Kiswahili linaanzia wapi na linaishia wapi?

Aghalabu uamuzi huo haumo katika programu anayoiona mtafiti kwenye kioo. Umo katika mafaili ya maktaba, yaani mafaili ya maelekezo yaliyokwisha kuandikwa, ambayo programu nyingi huyatumia kwa pamoja badala ya kila moja kujiandikia yake. Baadhi ya maktaba hizo huhudumia lugha mahsusi za programu, zilizoundwa kwa kazi ya aina moja tu. Mojawapo ni lugha ya ruwaza, itumikayo kutafuta maneno katika matini. Misingi yake iliwekwa na mwanahisabati Stephen Kleene katika miaka ya 1950. Mwaka 1968 Ken Thompson alionyesha jinsi kompyuta inavyoweza kuitumia kupekua matini, na mwaka 1997 Philip Hazel wa Chuo Kikuu cha Cambridge alianza kuandika maktaba ya PCRE, ambayo imetumiwa na programu nyingi mno.

Lugha hiyo ina alama fupi, \w, inayowakilisha herufi yoyote ya neno. Kwa kawaida alama hiyo hukubali herufi A hadi Z, kubwa na ndogo, tarakimu 0 hadi 9, na kistari cha chini. Orodha hiyo haikutokana na isimu, bali na desturi ya waandishi wa programu katika kuvipa majina vipengele vya programu zao. Ritifaa haimo. Kwa hiyo ng'ombe hukatwa kuwa ng na ombe. Ng'ambo huwa ng na ambo. Nayo ng'oa huacha oa, ikahesabiwa pamoja na kitenzi cha ndoa. Kistari cha chini, kisichojulikana katika tahajia ya Kiswahili, kimekuwa herufi. Nazali ya kaakaa laini, inayotenganisha ng'oa na ngoa yenye maana ya wivu au matamanio, imevunjwa.

Yuko atakayesema kwamba dosari hii ni ndogo, kwani mtafiti anaweza kuandika ruwaza yake mwenyewe na kuitia ritifaa. Ni kweli, lakini hilo humsaidia yule tu anayejua kwamba kuna dosari. Mwanafunzi anayetumia programu iliyo tayari huletewa jedwali safi la idadi ya maneno, wala jedwali hilo halimwambii ni maneno gani yaliyokatwa. Zaidi ya hayo, maktaba zenyewe hazikubaliani. Maktaba ya ICU, inayofuata kanuni za Unicode za kugawa maneno, haikati ritifaa iliyo kati ya herufi mbili. Watafiti wawili wanaweza basi kuhesabu matini ileile wakapata majibu mawili, na kila mmoja akaamini kuwa mwenzake amekosea.

Haifai kudai kwamba maana ya \w ibadilishwe kwa ajili ya Kiswahili. Faili linalotumiwa na wengi likibadilishwa kwa haja ya mmoja, huwaharibia wengine. Lililo katika uwezo wa idara za Kiswahili ni mambo matatu. Kwanza, kila tasnifu inayotegemea hesabu za maneno ieleze, katika sura ya mbinu za utafiti, jinsi ng' ilivyoshughulikiwa. Pili, lugha ya ruwaza ifundishwe kwa wanafunzi wa uzamili kama inavyofundishwa fonolojia. Tatu, BAKITA na Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki zitamke ni alama ipi ndiyo ritifaa ya Kiswahili. Unicode inazo kadhaa: ile iliyonyooka na ile iliyopinda huhesabiwa kuwa alama za uakifishaji, lakini ipo nyingine inayohesabiwa kuwa herufi. Hiyo ya mwisho ingelilinda neno zima katika maktaba zinazofuata uainishaji wa Unicode, ingawa haipatikani katika kibodi za kawaida. Uchaguzi huo una gharama zake, na hiyo ndiyo sababu ya kuujadili.

Tahajia ya Kiswahili Sanifu ilipatikana kwa vikao na mabishano tangu Kamati ya Lugha ilipoundwa mwaka 1930. Itakuwa ajabu iwapo wanaisimu walioibishania herufi moja moja kwenye karatasi wataiacha iamuliwe, ndani ya kompyuta, na orodha ambayo haikuandikwa kwa ajili ya lugha yoyote ya wanadamu.